Sikio la Pili: Safari ya Hazina ya Sauti kutoka Mombasa hadi Siyu

Neno kuhifadhi, katika Kiswahili cha pwani, lina kazi mbili ambazo mtu wa leo amezoea kuzitenganisha: mwenye mali huhifadhi dhahabu kwa kuifungia sandukuni, na mwanachuoni huhifadhi Kurani au utenzi kwa kuutia moyoni, yaani kuurudiarudia hadi uweze kutoka kinywani bila ya kitabu mbele yake. Watu wa mwambao ulio baina ya Mombasa na visiwa vya Pate waliyaamini matendo hayo mawili kuwa tendo moja, na kwa karne nyingi waliiwekea sauti amana ambazo mataifa mengine yaliziweka katika maghala ya karatasi: nasaba za wafalme, wasia wa mama kwa binti, majina ya viungo vya jahazi, hukumu za mashamba na sifa za wafu. Elimu hiyo ya kuhifadhi kwa kinywa haina jina moja wala jengo lake maalumu, na hakuna cheti kinachotolewa kwa aliyeihitimu, lakini ina kanuni zake, ina walimu wake na ina mitihani yake mikali.

Safari inayosimuliwa hapa ilichukua siku sita katika majira ya kaskazi, wakati upepo unapovuma kutoka Arabuni na bahari ya kaskazini mwa Kenya inapotulia asubuhi, nayo ilifuata njia ya nchi kavu kutoka Mombasa hadi Mokowe na kisha njia ya maji kupita Lamu hadi kisiwa cha Pate. Msafiri alikwenda na swali moja. Sauti hufa mara inapozaliwa, kwa kuwa neno la pili halitamkwi mpaka la kwanza limekwisha kupotea hewani. Ni kitu gani, basi, kilichozizuia sauti za mwambao huu zisipotee kwa miaka mia mbili na zaidi? Jibu lilipatikana kidogo kidogo, kituo kwa kituo, na masimulizi haya yanakusudia kumpitisha msomaji katika vituo hivyo kwa mpangilio uleule.

Siku ya kwanza: Mombasa

Mji wa Kale wa Mombasa huamka kwa sauti kabla haujaamka kwa mwanga. Baada ya adhana ya alfajiri husikika milango mizito ya mbao ikifunguliwa, kisha mafuta ya mahamri yakichemka, na baadaye, jua likishapanda juu ya Ngome ya Yesu ambayo Wareno walianza kuijenga mwaka 1593, husikika muuza kahawa akigonganisha vikombe vyake vidogo kwa mkono mmoja huku mkono wa pili ukibeba dele, yaani birika la shaba lenye kifuko cha makaa chini yake. Muuza kahawa huyo hasemi neno, na haina haja aseme, kwa maana mlio wa vikombe umekwisha kuwa jina lake. Mahamri yaliyotiwa iliki, yakiliwa kwa mbaazi zilizoungwa kwa tui zito, ni chakula kinachofaa kumtuliza mgeni barazani akisikiliza, na Mombasa ni mji wa kusikilizwa.

Katika mitaa hiyo aliishi Muyaka bin Haji, mshairi aliyefariki yapata mwaka 1840, ambaye alitunga wakati Wamazrui wa Mombasa walipokuwa wakishindana na Seyyid Said wa Omani na Unguja, ushindani uliokwisha mwaka 1837 kwa mji kuanguka mikononi mwa Seyyid. Mashairi ya Muyaka yalizungumzia vita, njaa, mapenzi, wivu na bei za sokoni, na yalikuwa yakipita kutoka baraza moja hadi nyingine kwa vinywa vya watu. Nusu karne baada ya kifo chake yalikuwa bado yakiishi humo, na Mwalimu Sikujua bin Abdallah, mwanachuoni wa Mombasa aliyefariki mwaka 1890, ndiye aliyeyakusanya kutoka katika kumbukumbu yake na za wenzake na kumpatia Mwingereza William Taylor, pamoja na maelezo ya nani alitungiwa shairi lipi na kwa sababu gani. Diwani yenyewe ilichapishwa Johannesburg mwaka 1940 kwa uhariri wa William Hichens, miaka mia moja hivi baada ya mtunzi kuzikwa.

Namna mashairi hayo yalivyoweza kukaa vinywani muda wote huo hueleweka mtu akitazama umbo lake. Shairi la kawaida la pwani lina beti za mishororo minne, na kila mshororo una mizani 16, yaani silabi zinazoweza kuhesabiwa kwa vidole, ambazo hukatwa katikati kuwa vipande viwili vya mizani minane. Mwishoni mwa kila kipande hukaa kina, ambacho ni silabi inayofanana na silabi za mwisho za vipande vinavyolingana nacho katika mishororo mingine. Mghani akisahau neno, mizani humwambia pengo lina urefu gani, na kina humwambia neno lililopotea linaishia kwa sauti ipi, kiasi kwamba maneno yanayoweza kuliziba pengo hilo hubaki machache sana na mara nyingi hubaki moja tu. Anayeshika wavu wenye matundu yanayolingana humjua samaki aliyetoroka kwa ukubwa wa tundu alilolipitia.

Hata hivyo, wazee wa barazani waliozungumza na msafiri jioni ile, kashata zikipita mkono kwa mkono, walikataa kuipa mizani sifa yote. Mmoja wao, mtu wa makamo ya babu ambaye vijana walimwamkia kwa shikamoo kabla ya kuthubutu kukaa, alisema kuwa mizani haimzuii mtu kukosea bali humfichulia makosa yake yule anayemsikiliza. Maneno hayo, yaliyosemwa kwa sauti ya chini kama kwamba hayana uzito, ndiyo yaliyoiongoza safari iliyobaki.

Siku ya pili: Witu na Kipini

Barabara ya kaskazini huiacha Malindi na minazi yake, huvuka Mto Tana karibu na Garsen, ambako tambarare za udongo mweusi hupokezana na mashamba ya mpunga na makundi ya ng'ombe wa Waorma, na kisha huingia katika nchi ya miembe na mikoche inayoizunguka Witu. Mji huu, ambao leo hupitwa na magari yaendayo Lamu bila ya abiria kugeuza shingo, ulikuwa makao ya mwisho ya ukoo wa Nabahani, watawala wa Pate, baada ya Ahmad aliyeitwa Simba kukimbia visiwani mbele ya nguvu ya Unguja na kujijengea dola yake bara. Wajerumani waliitia Witu chini ya himaya yao mwaka 1885, Waingereza wakaipata kwa mkataba wa mwaka 1890, na mwezi wa Oktoba mwaka huohuo, baada ya Wajerumani kadhaa kuuawa mjini, kikosi cha manowari za Kiingereza kilipanda kutoka pwani na kuiteketeza. Katika moto huo kilipotea kitabu cha habari za wafalme wa Pate. Msomaji anaombwa akiweke kitabu hicho akilini, kwa sababu safari itakirudia katika siku yake ya tano.

Kutoka Witu njia ya vumbi hushuka hadi Kipini, mahali Tana inapoingia baharini kwa maji ya rangi ya chai ya maziwa, na ambapo wavuvi hula wali wa nazi kwa samaki wa kupaka, yaani samaki aliyechomwa huku akipakwa rojo la tui, ndimu na pilipili. Wenyeji huonyesha hapa kaburi la Fumo Liyongo, shujaa, mshairi na mpiga upinde ambaye wataalamu wamemweka katika karne mbalimbali, na ambaye habari zake husimuliwa na Waswahili na Wapokomo vilevile. Mwaka 1913 Muhamadi Kijumwa wa Lamu, mwandishi wa hati, mchonga milango na mwanamuziki, alizikusanya habari hizo katika utenzi, na tukio lake la katikati ni ushahidi mkubwa wa kile ambacho sauti iliaminiwa kuweza kukibeba.

Liyongo, akiwa amefungwa minyororo kwa amri ya mfalme, alimtungia mjakazi Saada maneno ya kupeleka kwa mama yake, na maneno hayo yakaagiza uokwe mkate wa wishwa, yaani makapi ya nafaka, na ndani yake itiwe tupa ya kukatia chuma. Walinzi, ambao walikuwa wakila vyakula vizuri alivyoletewa mfungwa, waliudharau mkate wa wishwa na kumwachia. Kisha Liyongo akaomba aruhusiwe kuwafundisha watu wimbo wa gungu, ngoma ya kale ya karamu za waungwana. Upatu ukagongwa, matoazi yakalia, umati ukaitikia kila alipoimba, na chini ya kelele hiyo tupa ilikuwa ikila minyororo. Sauti moja ilibeba siri na kuifikisha salama kwa mama, na sauti nyingine ikaificha siri hiyo kwa kuwashirikisha walinzi wenyewe katika uitikiaji.

Hata kifo chake kilikuwa cha kusikilizwa. Liyongo alipochomwa kitovuni kwa sindano ya shaba na jamaa yake mwenyewe, alikwenda kupiga goti karibu na kisima akiwa ameuvuta upinde wake, na akafa katika hali hiyo. Watu, wakidhani bado yu hai, walikosa maji kwa siku kadhaa kwa kuogopa kumkaribia, hata mama yake akaja kumwimbia maneno ya kumtuliza, naye alipoanguka ndipo ukweli ulipojulikana. Aliyesimama juu ya kaburi la Kipini wakati wa machweo, akiusikia mto upande mmoja na bahari upande wa pili, huona kuwa hadithi hii haikumhusu shujaa peke yake: maneno ya Liyongo yalihitaji Saada wa kuyashika bila ya kuyapotosha na mama wa kuyafumbua, na lau mmoja kati yao angekosekana, mkate ungebaki mkate.

Siku ya tatu: Lamu

Lamu, ambayo mji wake wa kale uliingizwa katika urithi wa dunia wa UNESCO mwaka 2001, hufikiwa kwa mashua kutoka Mokowe, na mgeni huipokea kwanza kwa sikio, kwa maana vichochoro vyake ni vyembamba mno kwa magari na sauti zinazotawala humo ni kwato za punda, visigino vya viatu, mwangwi wa watoto wa chuoni na watu wanaoamkiana kutoka baraza moja hadi ya mkabala. Chuo, katika matumizi ya pwani, ni mahali watoto wanapojifunza Kurani, na mtindo wake wa kufundisha ndio msingi wa elimu yote inayozungumziwa hapa: mwalimu husoma, mtoto hurudia, kisha mtoto husoma peke yake huku mwalimu akiwa amefumba macho, na ukosefu wa irabu moja humfanya mwalimu agonge ubao au aseme "rejea". Mtoto aliyerejeshwa mara nyingi halaumiwi, kwani kurejeshwa ndiko kujifunza.

Katika jumba la makumbusho lililopo mbele ya bahari zimewekwa siwa mbili, yaani pembe kubwa zinazopigwa kwa tundu lililo ubavuni: ya shaba ni ya Lamu, na ya pembe za ndovu, yenye urefu wa zaidi ya mita mbili, ni ya Pate. Siwa ilikuwa sauti ya utawala, na ilipigwa katika harusi na jando za waungwana na katika kutawazwa kwa mfalme, hivyo kwamba mtu aliyeko shambani aliposikia mlio wake alijua kuwa jambo la nchi limetendeka na yeye ni shahidi wake. Habari za Pate humsimulia Mwana Darini, binti wa ukoo wa kifalme, ambaye alinyimwa siwa katika sherehe ya jando la jamaa zake na akaagiza itengenezwe nyingine, kwa kuwa tendo lisilopigiwa siwa lilikuwa karibu na kutotendeka. Leo siwa hizo zimelala kimya ndani ya kioo, zimesafishwa na kulindwa vizuri, na kimya chake humfundisha mgeni kwamba kitu kinaweza kuhifadhika chote isipokuwa kile kilichotengenezewa.

Jirani na siwa huwekwa mfano wa hati za kale, na hapo ndipo penye fumbo ambalo wasiosoma hati hizo hulikosa. Kiswahili kiliandikwa kwa herufi za Kiarabu kwa karne nyingi, na hati ya zamani zaidi ya utenzi inayojulikana, Utenzi wa Tambuka, ni ya Pate ya mwaka 1728. Lakini herufi hizo, kwa matumizi ya zamani, hazikuitofautisha e na i, wala o na u, na sauti ya p mara nyingi iliandikwa kwa herufi ya b, huku n au m inayotangulia konsonanti ikiachwa bila kuandikwa. Neno kupita na neno kupeta, kwa mwandiko huo, ni neno moja kwa jicho. Asiyeujua utenzi hawezi kuusoma kwa uhakika, na anayeujua haihitaji hati ila kwa kukumbushwa. Karatasi ilikuwa msaidizi wa kinywa, na kinywa ndicho kilichoshika ufunguo wa karatasi.

Vina navyo vililinda hata matamshi. Watu wa Lamu husema mato badala ya macho na ndoo badala ya njoo, na mshairi wa Kiamu aliyelipanga neno mato pamoja na moto na mtoto mwishoni mwa vipande vyake alilitia neno hilo kufuli, kwa sababu mghani wa kusini akijaribu kulibadilisha liwe macho, kina huvunjika papo hapo na kila aliyepo hugeuka kumtazama.

Usiku ule Msikiti wa Riyadha, uliojengwa na Habib Swaleh, sharifu aliyetoka Visiwa vya Ngazija na kuifanya Lamu kituo cha elimu mwishoni mwa karne ya 19, ulikuwa na kikao cha maulidi, yaani kusoma habari za kuzaliwa kwa Mtume pamoja na kasida za kumsifu. Vijana walikaa safu mbili zinazotazamana, matari yakapigwa, na msomaji alipofika mwisho wa kila kipande safu zote zilipokea, wakiinama na kuinuka pamoja kama mawimbi yanayofika na kurudi. Kupokea ni neno la kiufundi hapa, nalo lina maana ya kuitikia kwa maneno yaliyopangwa na kwa mahadhi, yaani mwendo wa sauti, yaliyopangwa. Na mtu aliyeketi katikati ya wapokeaji wale, chai ya tangawizi ikimngoja nje, angeona jinsi mtoto wa miaka saba alivyobebwa na sauti za wakubwa mahali asipojua na kuibeba sauti yake mwenyewe mahali anapojua.

Siku ya nne: Matondoni

Matondoni iko upande wa magharibi wa kisiwa cha Lamu, na harufu yake ni ya mikoko iliyokatwa na mafuta ya papa. Hapa huundwa majahazi, na hapa alizaliwa mwaka 1927 Ahmed Sheikh Nabhany, mshairi aliyelelewa kwa tungo za bibi yake na ambaye, hadi alipofariki mwaka 2017, aliutumia umri wake kuyaokoa maneno yaliyokuwa yakizama. Utenzi wake wa Sambo ya Kiwandeo, uliochapishwa mwaka 1979, hueleza uundaji wa chombo cha Lamu hatua kwa hatua, kwa kuwa Kiwandeo ni jina la kale la Lamu, na Umbuji wa Mnazi wa mwaka 1985 huutaja mnazi kwa umri wake na viungo vyake vyote. Nabhany aliona kuwa neno la ufundi likiingizwa katika mizani haliwezi kutoka kwa urahisi, na kwamba fundi akifa bila mwanafunzi, utenzi utabaki kuwa mwanafunzi wake.

Penye ufuo jahazi moja lilikuwa likiundwa. Mkuku, ambao ni mti wa chini unaobeba chombo chote, ulikuwa umelala juu ya magogo. Mataruma, yaani mbavu, yalikuwa yamesimama pande mbili. Na mafundi wawili walikuwa wakikalafati, yaani wakishindilia pamba iliyotiwa mafuta baina ya mbao, kwa nyundo zilizogonga kwa zamu, moja ikitoa mlio mzito na nyingine mwepesi. Fundi mkuu alieleza kuwa huutambua mshono usioshiba kwa kuusikia, kwa sababu nyundo ikigonga mahali palipojaa hutoa mlio wa kukauka na ikigonga palipo wazi hutoa mlio wa shimo, na mara mbili, akiwa ameugeuzia mgongo ubao, alimwamuru kijana arudie mahali alipopita. Kijana alirudia bila ya kuuliza, na mlio ukabadilika. Hata mbao, basi, zilikuwa na msikilizaji wake.

Siku ya tano: Pate

Mashua ya kwenda Pate huuacha mji wa Lamu mapema na kupita mkondo wa Mkanda, njia nyembamba baina ya kisiwa cha Manda na bara ambayo hupitika maji yakijaa tu, mikoko ikiwa imekaribia kiasi cha kuguswa kwa mkono na kaa wekundu wakipanda juu ya mizizi. Mji wa Pate, uliokuwa dola iliyoogopwa katika karne za 17 na 18, leo ni kijiji kilichobanana kando ya magofu yake, na ndani ya magofu, baina ya kuta za matumbawe zenye zidaka, yaani vishimo vya mapambo vilivyochongwa ukutani, wakulima hupanda tumbaku ambayo majani yake mapana hufunika sakafu za kumbi. Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir aliutunga utenzi wake mashuhuri, Al-Inkishafi, kwa kuyatazama majumba kama haya yalipokwisha kuwa maganda.

Hapa ndipo kitabu kilichoungua Witu kinaporudi. Baada ya moto wa mwaka 1890, habari za Pate ziliokolewa na mtu mmoja zaidi ya wengine wote, Bwana Kitini, mzee wa ukoo wa Nabahani aliyezipata kutoka kwa wakubwa wake na ambaye, mwanzoni mwa karne ya 20, aliwasimulia maofisa na wataalamu kadhaa wa Kizungu, miongoni mwao Stigand, aliyechapisha tafsiri yake mwaka 1913. Masimulizi hayo huanza na kufika kwa Suleiman Nabahani kutoka Omani mwanzoni mwa karne ya 13, tarehe ambayo wanahistoria wengi huona imerudishwa nyuma mno, na huendelea mfalme kwa mfalme hadi zama za msimulizi. Bila ya kinywa cha Bwana Kitini, sehemu kubwa ya historia ya mwambao huu ingekuwa majivu.

Lakini nuskha zilizoandikwa kutoka kwake, zikiwekwa pamoja, hutofautiana katika majina, katika miaka ya kutawala na katika mpangilio wa wafalme, na wasomi wametumia jitihada nyingi kuzilinganisha. Wengi wamelilaumu simulizi la mdomo kwa tofauti hizo, na lawama hiyo inastahili kupimwa upya mbele ya kuta za Pate. Bwana Kitini alikuwa mzee aliyeondokewa na wenzake. Ikulu ilikuwa imeungua, ukoo ulikuwa umetawanyika, na waliokaa mbele yake wakiwa na kalamu walikuwa wageni wasioweza kumwambia "rejea". Kumbukumbu iliyokuwa imelindwa na baraza zima ililazimishwa kusimama kwa mguu mmoja, na ikasimama.

Ushahidi wa namna mambo yalivyokuwa ulijitokeza mchana uleule. Mkulima wa tumbaku, akimwonyesha msafiri ukuta mrefu uliobaki na mlango wa tao, aliutaja kuwa nyumba ya mtu fulani wa zamani. Mzee aliyekuwa akipita na punda wake alisimama, akasema hapana, nyumba hiyo ni ya pili kutoka kisimani, na wakaanza kuhesabu pamoja kutoka kisimani, mlango kwa mlango, wakitaja aliyekaa, aliyemwoza nani na aliyehamia wapi, hadi mkulima alipocheka na kukubali. Baadaye wote watatu walikula mkate wa mofa, unaookwa kwa kubandikwa ndani ya tanuri la udongo, kwa samaki wa kuchoma, na hapana aliyeona kuwa amemshinda mwenziwe.

Siku ya sita: Siyu

Njia ya kwenda Siyu hukatiza mashamba na vichaka vya kisiwa, na mji huonekana kwanza kwa ngome yake, iliyosimama kwenye kichwa cha hori lenye mikoko ambapo mashua huingia maji yakijaa na hukwama yakitoka. Siyu ilikuwa mji wa wanachuoni, wanakili wa misahafu na mafundi wa ngozi na mbao, na katika karne ya 19 ilipigana na majeshi ya Unguja chini ya Bwana Mataka na ikayashinda wakati ambapo miji mikubwa zaidi ilikuwa imekwisha kusalimu amri. Mke wa Bwana Mataka, Mwana Kupona binti Mshamu, ndiye aliyetunga mwaka 1858, akiwa mgonjwa na akikihisi kifo, utenzi wa wasia kwa binti yake Mwana Hashima.

Utenzi, au utendi kama wasemavyo watu wa kaskazini, hutofautiana na shairi kwa kuwa ubeti wake una vipande vinne vya mizani minane, ambavyo vitatu vya mwanzo vina kina chao na cha nne hushika kina kimoja kutoka ubeti wa kwanza hadi wa mwisho. Katika utenzi wa Mwana Kupona, wenye beti 102, kina hicho ni -ia. Mama aliyetaka maneno yake yamfuate binti baada ya kufa alichagua umbo ambalo binti angeweza kulishika akiwa jikoni, akiwa kitandani au akiwa safarini, na wanawake wa mwambao waliushika utenzi huo kizazi baada ya kizazi, wengi wao wakiwa hawakupata kuusoma katika karatasi.

Alasiri ya siku ya mwisho bibi mmoja wa Siyu alikubali kuughani. Aliketi juu ya mkeka, mjukuu wake wa miaka kumi hivi akiwa amekaa nyuma yake akisuka ukili, yaani utepe wa majani ya mkoma unaoshonwa kuwa mkeka, na kijana wa nyumbani akaiweka simu yake mbele ya bibi ili kunasa sauti. Bibi alighani kwa mahadhi ya chini yasiyo na haraka, akivuta silabi ya mwisho ya kila ubeti kana kwamba anaufunga mlango taratibu, na beti zikapita kumi, zikapita ishirini, ukili ukirefuka. Katika ubeti mmoja alitia neno ambalo maana yake ilikuwa ileile na mizani yake ilikuwa sawa, isipokuwa kina chake cha ndani hakikulingana na viwili vya jirani, na aliendelea mbele.

Vidole vya mtoto vilisimama. "Rejea, bibi," alisema kwa adabu, bila ya kuinua kichwa, kisha akalitaja neno lenyewe.

Bibi alinyamaza, akalipima neno mdomoni, akaurudia ubeti tangu kipande cha kwanza na kulitia neno mahali pake. "Ewaa, mwanangu," alisema, na uso wake ulikuwa na furaha ya mtu aliyerudishiwa kitu chake, wala hapakuwa na dalili ya aibu hata kidogo. Simu iliyokuwa juu ya mkeka ilikuwa imelipokea neno la kosa na neno la sawa kwa uaminifu uleule, na ingewapelekea wasikilizaji wa mbali yote mawili bila ya kuwaambia lipi ni lipi. Aliyeijua tofauti yake alikuwa mtoto mwenye ukili mkononi, ambaye hapana aliyekuwa amemwita mwalimu.

Mashua ya kurudi ilikuwa lazima iondoke horini kabla maji hayajatoka. Ilipokuwa ikisukumwa kwa upondo baina ya mikoko, sauti ya bibi ilikuwa bado ikisikika kutoka nyuma ya ngome, na kila ulipofika mwisho wa ubeti, sauti ya pili, nyembamba, iliungana nayo katika silabi ileile.